Mtoto Aliyebaki Nyumbani: Dalili za Upweke na Namna ya Kutafuta Chanzo

Mtoto mpweke haji kukwambia kwamba ana upweke. Atakwambia tumbo linauma. Atakojoa kitandani akiwa na miaka saba. Atakataa kuongea na mama yake kwenye simu, nawe utadhani ameshamsahau. Unachokiona ni dalili, na dalili moja inaweza kutoka kwenye vyanzo vinne tofauti. Ukitibu kabla ya kujua chanzo, unamwongezea mtoto mzigo.

Naandika haya kwa sababu mimi nilianza kwa kukosea. Mdogo wangu aliondoka Tanga kwenda Muscat kufanya kazi za ndani, akaniachia binti yake wa miaka mitano. Nyumbani kwetu tulikuwa watu saba, pamoja na mama yetu mzazi. Haikunijia akilini kwamba mtoto anaweza kuwa mpweke kwenye nyumba ya watu saba, na ndiyo maana nilichelewa kuelewa. Watu walikuwapo, lakini hakuna hata mmoja aliyekuwa na jukumu la kumsikiliza. Kila mmoja alidhani mwenzake anafanya hivyo.

Anza na mwili, halafu daftari

Mpeleke zahanati kwanza. Mtoto asiyeitika akiitwa huenda ana usaha sikioni na hasikii vizuri. Mtoto aliyelegea, asiyetaka kucheza, huenda ana malaria, minyoo au upungufu wa damu. Ukoo wenu ukiwa na selimundu, usiseme maumivu ya mifupa ni mdeko. Haya yapimwe kabla hujaanza kuzungumzia moyo wa mtoto.

Kisha chukua daftari, uandike kwa wiki mbili: tatizo limetokea saa ngapi, nani alikuwapo, na nini kilitangulia. Mimi niliandika kwenye kurasa za nyuma za daftari la matumizi ya nyumbani. Siku ya kumi nikaona jambo ambalo macho yangu yalikuwa hayajaliona: vilio vikubwa vyote vilikuja mtu mzima alipokuwa anatoka mlangoni na kikapu mkononi.

Hataki kulala, au anang'ang'ania kila anayetoka

Swali la kujiuliza hapa ni moja: mzazi aliondoka vipi?

Sisi tulimsindikiza mdogo wangu saa kumi alfajiri, mtoto akiwa usingizini, ili asimwone mama yake akilia. Asubuhi tukamwambia mama ameenda sokoni. Tuliamini tumemhurumia. Kumbe tulimfundisha mambo mawili kwa mpigo: ukilala, watu wanatoweka, na anayekwenda sokoni harudi. Kwa miezi mitatu aliupiga vita usingizi mpaka saa sita za usiku, na kila nilipochukua kikapu kwenda kununua samaki alilia mpaka akatapika. Nilisema anadeka. Siku moja nilimchapa, na jambo hilo linaniuma hadi leo.

Dawa yake ni kusema ukweli, hata kama umechelewa. Nilimkalisha nikamwambia: "Tulikudanganya. Mama hakwenda sokoni. Yuko Muscat, ng'ambo ya bahari, anafanya kazi. Hakuondoka kwa sababu ya kitu ulichofanya wewe. Mimi mama mkubwa ndiye nitakayekaa na wewe." Sentensi ya nne msiiache. Watoto wa umri huo huamini kwamba mambo makubwa ya nyumbani wameyasababisha wao. Binti yetu alikuwa amevunja chupa ya chai siku moja kabla ya safari. Alilibeba kosa hilo kwa miezi yote ile, akiamini kwamba mama alikasirika akaondoka. Alinong'ona habari ya chupa palepale nilipomaliza kusema, nami nikaelewa kwamba muda wote nilikuwa napambana na kitu nisichokijua.

Baada ya hapo, aga kila unapotoka, hata kama atalia. Mwambie utarudi lini kwa kipimo anachokijua: kabla ya adhana ya alasiri, au wali ukiiva. Halafu rudi wakati huo. Ukijua utachelewa, sema utachelewa. Usiku mwambie utakuwa chumba gani na kwamba utapita kumwangalia, kisha upite kweli, hata kama keshasinzia. Kwetu ilichukua kama wiki sita kabla hajaanza kulala saa tatu bila vita. Wapo watakaokwambia kwamba kumuaga mtoto ni kumliza bure. Kilio cha kuagwa kinaisha. Ulinzi wa mlango hauishi.

Anauliza swali lilelile kila siku: mama atarudi lini?

Hakusumbui. Ni kwamba jibu ulilompa halishikiki. Mikataba ya kazi za ndani katika nchi za Ghuba kwa kawaida ni ya miaka miwili, na kwa mtoto wa miaka mitano "miaka miwili" haina umbo. "Karibuni" ndilo jibu baya kuliko yote, kwa sababu kila asubuhi linageuka uongo mpya.

Mpe vitu vya kuhesabu. Ramadhani mbili. Misimu miwili ya maembe. Darasa la awali, kisha darasa la kwanza. Bibi yake alining'iniza kamba ukutani, na kila mwezi mwandamo mtoto akafunga fundo. Ila usitaje siku wala tarehe ambayo hata mama mwenyewe hana hakika nayo, maana mkataba unaweza kuongezwa na tiketi inaweza kuchelewa. Sema: "Mafundo yakifika hapa, tutaanza kumtarajia."

Ametulia mno, hasumbui mtu

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hii ndiyo dalili inayosifiwa na watu. Wageni wanakuja wanasema, "Mashallah, mtoto mpole." Mwalimu anaandika kwamba ana nidhamu. Nasi tunashukuru.

Katika miaka ya 1940 na 1950 hospitali nyingi za Uingereza ziliwaruhusu wazazi kuwaona watoto wao waliolazwa kwa saa chache tu kwa wiki. Wauguzi walieleza kwamba watoto hulia siku za kwanza, kisha "huzoea". Mfanyakazi wa ustawi wa jamii aitwaye James Robertson, aliyekuwa akifanya kazi na daktari John Bowlby mjini London, alikaa wodini akaangalia kwa makini. Aliona hatua tatu. Kwanza mtoto anapinga: analia, anaita, anatazama mlango. Pili anakata tamaa: ananyamaza, anajikunyata, hataki chakula. Tatu anajitenga: anatabasamu, anakula, anampokea yeyote, na mama akija hamjali. Hatua ile ya tatu ndiyo wauguzi waliyoiita kuzoea. Robertson aliona kwamba mtoto hakuwa amepona, bali ameacha kutegemea. Mwaka 1959 kamati ya serikali nchini humo ilipendekeza wazazi waruhusiwe kuwatembelea watoto wao bila kubanwa na saa.

Kwa hiyo mtoto wako akilia na kukuuliza, bado anaamini kuna mtu wa kumjibu. Mtoto wa kuogopewa zaidi ni yule aliyeacha kuuliza. Utamtambua hivi: akianguka haji kwako kuonyesha kidonda. Akipata vema zote daftarini, hamwonyeshi mtu. Anakubali kila anachoambiwa. Anacheza, lakini ukimtazama unaona anaipanga michezo badala ya kuicheza.

Mtoto huyu hahitaji hotuba, wala maswali ya "una nini?" Anahitaji mtu mmoja, si saba, na wakati ule ule kila siku. Nilichagua robo saa baada ya chakula cha usiku. Tulikaa barazani tukichambua mchele wa kesho. Simu yangu ilibaki ndani. Sikumuuliza kitu. Wiki ya kwanza hakusema lolote. Wiki ya pili alianza kuniambia ni mchele upi una mawe. Baada ya muda mrefu, akiwa ameinamisha kichwa juu ya ungo, aliniuliza kama mama naye huchambua mchele kule aliko. Mkono ukiwa na kazi, mdomo unapata nafasi. Huenda kwenu kazi hiyo ni kumenya viazi, kumwagilia bustani au kusuka ukili. Kinachohesabika ni kwamba wakati huo ni wake, na hauahirishwi kwa sababu mgeni amekuja.

Hadithi nazo zinasaidia kuliko tunavyodhani. Mwambie "Hadithi, hadithi!" na umsubiri aitikie. Mtoto anayeitikia "Hadithi njoo" ameanza kurudi. Ukimwachia amalizie kisa mwenyewe, sikiliza nani anapotea kwenye kisa chake, na kama anapatikana.

Hataki kuongea na mama kwenye simu, au analia simu ikikatwa

Kwanza angalia mazungumzo yenyewe. Mara nyingi simu ya mama aliye mbali hugeuka mahojiano: umekula? umesoma? una adabu? Na watu wazima wanne wamemzunguka mtoto wakimwambia "Sema shikamoo, sema nakupenda." Mtu mzima yeyote angekimbia.

Pili, angalia saa. Muscat iko mbele yetu kwa saa moja. Riyadh saa yake ni sawa na yetu. Mama anayemaliza kazi saa nne usiku atampigia mtoto aliyechoka au aliyelala. Mwajiri ndiye anayeshika kibali chake cha kukaa nchini, na katika nyumba nyingine ndiye pia anayepanga lini simu ishikwe. Usimlaumu mama kwa hilo mbele ya mtoto. Wengi wanaopata mapumziko huyapata Ijumaa, hivyo ni afadhali simu moja ya uhakika kila Ijumaa kuliko ahadi ya kila siku inayovunjwa mara tano. Katikati ya wiki tumieni sauti za kurekodi. Mdogo wangu alirekodi kisa kifupi mara mbili kwa wiki akiwa jikoni kwa watu, kwa sauti ya chini. Mtoto alikisikiliza mpaka akakijua kwa moyo, akaanza kumsahihisha bibi yake anapokosea.

Tatu, huenda mtoto ana hasira. Ana haki nayo. Asiponyanyua simu, mama amwambie: "Sawa mwanangu, mimi nitaongea na wewe usikilize tu." Aeleze alichokiona leo: paka wa jirani, joto, mtende uliopo nje ya dirisha. Asimuulize chochote. Mtoto akitaka kuonyesha ndala zake mpya kwa dakika nzima bila neno, hayo ndiyo mazungumzo.

Na kilio cha baada ya simu kisiwe sababu ya kuzikata. Machozi yalikuwepo; simu imeyapa njia. Mkalie karibu, mpe maji, usimpe pipi ili anyamaze. Jambo jingine: usitumie jina la mama kama fimbo. "Nitamwambia mama yako" inamfanya mama awe askari anayeishi ndani ya simu.

Anakojoa kitandani na alikuwa ameacha

Kama alikuwa mkavu kwa miezi sita au zaidi kisha akaanza tena, tafuta sababu. Mkojo unaouma au wenye harufu kali unaashiria maambukizi. Kukosa choo kwa siku nyingi hubana kibofu. Mtoto anayekunywa maji mengi kupita kawaida, anakojoa mno na anakonda, apelekwe hospitali siku hiyo hiyo, apimwe sukari.

Vipimo vikiwa safi, tazama njia ya chooni. Choo kikiwa uani na mama ndiye aliyekuwa akimsindikiza usiku, basi huenda hakuna ugonjwa wowote. Kuna giza na hakuna mtu. Weka taa au ndoo karibu. Kisha fikiria huzuni. Usimbebeshe godoro mbele ya wenzake, wala msimwimbie wimbo wa kikojozi. Aibu haijawahi kukausha kitanda cha mtoto. Mbadilishe, mlaze, asubuhi fueni mashuka pamoja bila maneno.

Chanzo cha mwisho kinachoweza kuleta dalili hii ni kuguswa vibaya. Nitakirudia.

Tumbo au kichwa asubuhi ya shule tu

Likipoa Jumamosi na kurudi Jumatatu, daftari lako litakwambia. Sababu inaweza kuwa shuleni, mtoto mwenzake au mwalimu mkali. Lakini kwa mtoto aliyeachwa, mara nyingi hofu ni ya nyumbani: nikirudi, nitamkuta nani ameondoka? Mwambie asubuhi utakuwa wapi atakaporudi. Kipande cha leso yako mfukoni mwa sare kinaweza kumvusha.

Anaficha vitu, au anaiba

Tofautisha. Akificha khanga ya mama chini ya mto, mwachie, na tafadhali usiifue. Ile harufu ndiyo anayolala nayo. Akichukua shilingi mia tano na kununua ubuyu wa kugawia darasa zima, hajawa mwizi, ananunua marafiki. Rudisheni pesa pamoja, kisha shughulikia tatizo lenyewe: alika watoto wawili wa jirani wacheze rede uani kwako mara kwa mara, ili asihitaji kulipia.

Anaongea peke yake

Mtoto wa miaka mitatu hadi saba mwenye rafiki asiyeonekana ni mtoto mwenye akili inayofanya kazi. Usikimbilie kumtafutia mganga, na usimcheke. Tafuta ushauri wa daktari kama sauti hizo zinamtisha au zinamwamuru ajiumize.

Mtoto wa geti kali

Wazazi wapo, lakini wanatoka saa kumi na moja alfajiri kukwepa foleni za Dar es Salaam na kurudi amelala. Anashinda ndani ya ukuta na dada wa kazi na runinga. Hapa watu hulalamikia runinga. Shirika la Afya Duniani mwaka 2019 lilishauri watoto wa miaka miwili hadi minne wasizidishe saa moja kwa siku mbele ya skrini, na ushauri huo ni mzuri. Lakini ukizima skrini bila kuweka mtu, umemwondolea sauti pekee iliyokuwa ikimsemesha. Weka mtu kwanza: jirani mwenye watoto, bibi wa jioni mbili kwa wiki, mzazi mmoja anayechelewa kutoka kila Jumatano.

Na kuna msiba usiohesabiwa na mtu. Dada wa kazi akiondoka, mtoto amepoteza mtu aliyemlisha, kumwogesha na kumlaza. Katika nyumba nyingi dada anabadilishwa mara kadhaa kwa mwaka, bila kuaga, na mtoto anaambiwa tu "Huyu ndiye dada mpya." Mtoto aliyepitia hivyo mara nne hujifunza kutomzoea mtu. Mwache dada aage. Piga picha yao pamoja, uibandike ukutani. Ikiwezekana, apige simu baada ya wiki.

Kitu cha kutosubiri

Mtoto mpweke ni rahisi kuzoewa na mtu mbaya, kwa sababu mtu huyo anampa alichokikosa: muda. Kuwa macho ukiona zawadi zisizoelezeka, hofu ya ghafla kwa ndugu au jirani fulani, maumivu sehemu za siri, au maneno ya kikubwa asiyopaswa kuyajua. Akikusimulia, usiseme "Una uhakika?" Mwambie unamwamini na kwamba hana kosa. Usimwogeshe kabla ya kumfikisha hospitali kama tukio ni la karibuni. Piga 116, namba ya bure ya huduma kwa mtoto Tanzania na Kenya, au nenda Dawati la Jinsia na Watoto la polisi kwa Tanzania. Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya mwaka 2009 inamtaka yeyote mwenye taarifa kwamba haki za mtoto zinavunjwa aipeleke serikali ya mtaa. Kuficha jambo ili kulinda jina la ukoo hakumo ndani ya sheria hiyo.

Vilevile usisubiri kama kwa wiki mbili mfululizo hali chakula vizuri, hachezi, ana hasira za kila saa, au anasema afadhali asingekuwepo. Afisa ustawi wa jamii wa halmashauri au daktari wa watoto ndio wa kuendea, si mtihani wa nani ana uvumilivu.

Mama amerudi, na mtoto hamtaki

Hii ndiyo dalili ya mwisho, na inawavunja moyo watu waliokuwa wamevumilia yote. Mdogo wangu alifika baada ya miaka miwili na miezi minne, na begi la nguo za saizi aliyoikisia. Binti alijificha nyuma ya gauni langu. Alimwita "yule".

Usimsukume mtoto kifuani kwa mama mbele ya ukoo mzima uliokuja kupokea. Usimhamishe nyumba wiki hiyo, kwa sababu utamtenganisha na mlezi wake na kurudia lile lile la kwanza. Mama akae pale alipo mtoto, afanye kazi za mtoto bila kudai shukrani: achemshe uji, akunje sare, akae kwenye robo saa ya baraza bila kuyashika yeye mazungumzo. Mlezi naye ana kazi ngumu, ya kusogea nyuma kidogo kila siku bila kutoweka.

Siku ya tisa, baada ya alasiri, binti alichukua chanuo kabatini. Alipita mbele yangu, akaenda kukaa chini katikati ya magoti ya mama yake, akampa mgongo ili asukwe. Mdogo wangu alinitazama bila kusema neno, nami nikatoka uani kuanua nguo.